Mfereji Niliouhamisha kwa Penseli

Jumatatu, 6 Juni 2022

Nimeficha jambo kwa miaka sitini na minne. Mpaka unaopita kijijini kwetu Tutzor, ule wenye waya, askari wa Uzbekistani upande huu na wa Kirgizstani upande ule, niliuchora mimi. Kwa penseli. Kwa makusudi. Nilikuwa na miaka ishirini na moja, nami nilikuwa nimenuna.

Daktari anasema moyo wangu umechoka. Hakuuliza umechoshwa na nini. Basi naandika.

Mwaka 1958 nilikuwa msaidizi wa mpima ardhi. Mpaka wa jamhuri zetu mbili ulifuata mfereji wa zamani. Mkuu wangu alikula, akasinzia, akaniambia niumalizie mfereji kwenye ramani. Mfereji ulipita nyuma ya kiwanja cha Abdimalik, niliyesoma naye shule, nyumba na bustani yote. Nikauchora mbele. Abdimalik akahamia Kirgizstani bila kuinuka kwenye mkeka wake.

Kisa? Bhutan! Mashindano ya shule, jiografia, fainali: taja nchi za Asia zisizo na bahari. Nilitaja Afuganistani, Mongolia, Nepali, Laosi. Abdimalik akaongeza Bhutan. Akapewa tufe la dunia. Lilikuwa tufe zuri sana.

Kwa miaka thelathini na mitatu mstari ule haukumdhuru mtu. Nchi ilikuwa moja. Mfereji wenyewe ulifukiwa. Kisha nchi ikavunjika, zikaja nguzo, waya, mihuri. Dada yake Abdimalik alifia upande huu majira ya baridi, kituo cha mpaka kikiwa kimefungwa. Abdimalik alisimama ng'ambo ya waya akasikiliza sala ya jeneza kutoka huko. Mimi nilikuwa safu ya mbele. Sikugeuka kumtazama.

Sasa imekuja tume ya nchi zote mbili kusahihisha mpaka. Ninalo daftari la vipimo vya kweli, limelala chini ya rundo la magodoro. Nitamrudisha Abdimalik kijijini kabla sijafa. Ila bila kujitaja. Hiyo ndiyo kazi.

Jumatano, 8 Juni

Mpango wa kwanza: barua isiyo na jina. Nimeandika kwa mkono wa kushoto, saa nne nzima, kwamba mfereji ulipita nyuma. Nikampa mkaza mwanangu Zumrad aipeleke kwenye hema la tume. Nikamwambia nimeiokota njiani.

Zumrad nilimfundisha shuleni miaka mitano. Aliifungua palepale, akasema, "Baba, hii barua uliyoiokota ina utangulizi, hoja tatu na hitimisho."

Nikamjibu kwamba wasomi wako wengi.

"Na umepigia mstari makosa yako mwenyewe kwa kalamu nyekundu."

Ni kweli. Mazoea ya miaka arobaini ya ualimu! Barua imewashia tanuri la mkate. Mkate ulitoka vizuri.

Ijumaa, 10 Juni

Mpima ardhi wa tume amekuja mwenyewe. Binti mdogo, Gulbarchin, ana kifaa kinachozungumza na setilaiti. Ananiita babu. Amesema ramani ya mwaka 1958 inamsumbua. Mbele ya nyumba ya Abdimalik kuna mwinuko. "Kwa ramani hii, babu, maji yalipanda mlima. Aliyeichora sijui alikuwa amelewa?"

Nikasema huenda alikuwa amechoka tu.

Amesema tume imekubali kufuata njia halisi ya mfereji, ikiwa atapatikana mzee anayeikumbuka. Hapo hapo nikaona mlango. Nikamwomba aketi, nimweleze taratibu. Nikashika birika kumheshimu kwa mkono wangu.

Huku kwetu mgeni anayependwa humiminiwa chai kidogo, funda mbili tatu, ili umwongeze na kumwongeza. Ukimjazia bakuli hadi ukingoni umemwambia kunywa uende zako. Mkono wangu ulitikisika. Bakuli likajaa hadi likamwagika.

Binti kalelewa vizuri. Akaitazama ile chai, akaona haya, akainywa yote kwa mara moja ikiwa ya moto, akashukuru, akaondoka machozi yakimtoka.

Zumrad alipiga kelele kutoka jikoni, "Baba! Umemfukuza mtu wa serikali mbili!"

Nimelala kutwa.

Jumapili, 12 Juni

Zumrad amemfuata Gulbarchin hemani, akamweleza kuwa baba mkwe wake si mkorofi, ni mgonjwa. Mimi nimeteuliwa shahidi. Tutatembea mstari kuanzia Jumanne. Sitaji kosa la mtu, naonyesha tu mfereji ulipopita. Heshima tupu! Sijui kwa nini sikuanza hivi.

Alasiri nikaenda kwenye waya kumpa Abdimalik habari. Ana fimbo, hana meno ya juu, sauti ileile. Tumezoea kupigiana kelele kupitia waya, askari wamechoka kutukataza.

"Hoshimjon! Hujafa tu?"

Nikamwambia nasubiri mkubwa atangulie.

Akacheka hadi akashika nguzo. Akaniuliza kama ni kweli kwamba atarudi. Nikasema ni kweli. Akaniuliza tena. Akajifuta uso kwa ncha ya kitambaa alichojifunga kiunoni. Akasema kaburi la dada yake analiona kutoka kwenye paa lakini jina lililoandikwa hajawahi kulisoma.

Nilirudi nyumbani polepole. Kidogo nijipende.

Njiani nikakumbuka jambo. Abdimalik kanizidi miezi minne. Kijijini kwetu mkubwa kuliko wote huketi mahali pa juu, mbali kabisa na mlango, na pilau haiguswi kabla yake. Hapo pa juu nimeketi miaka kumi na mmoja. Mto wa mahali pale umeshika umbo langu.

Si kitu. Nimeandika tu ili nisifiche lolote.

Jumanne, 14 Juni

Tumetembea nusu ya kwanza, upande wa nyumba. Askari walifungua waya. Gulbarchin mbele na kifaa, mimi na fimbo, Abdimalik kanishika kiwiko ingawa sikumwomba. Hakunyamaza hata hatua moja. Mara eti nakanyaga kama kuku aliyelowa, mara eti nimekuwa mwepesi kama kapu la maganda.

Nilionyesha kweli. Hapa palikuwa na mkuyu. Hapa mfereji ulipinda. Hapa ulipita nyuma ya nyumba. Nyuma, nikasema, kwa sauti. Kifaa cha Gulbarchin kikakubali, maji yakashuka kama maji. Akapigilia vigingi vyekundu.

Akauliza basi ni nani aliyeharibu ramani. Nikasema mkuu wetu wa wakati ule, mpenda usingizi, Mungu amrehemu. Amekufa siku nyingi, hatakata rufaa.

Abdimalik alikaa chini pale pale penye kigingi, upande wa huku, akaweka kiganja juu ya udongo. Mimi nilitazama kwingine.

Jumatano, 15 Juni

Karamu ya mchana. Kijiji kizima. Abdimalik alitoka makaburini moja kwa moja, macho mekundu, magoti yana vumbi. Wote wakasimama. Na mimi nikasimama, kwa shida.

Wakampeleka juu! Hakuna aliyeniuliza. Zumrad mwenyewe ndiye aliyeukung'uta mto. Mto wangu. Nikasogezwa wa pili. Wa pili anapata upepo wa dirisha na mfupa wa shingo.

Abdimalik akagusa pilau kwanza. Akatafuna taratibu, akainua kidole, akasema mchele umezidi maji, ila kwa mikono ya watu wa Uzbekistani si mbaya. Wakacheka. Miaka kumi na mmoja nimeketi pale hawajawahi kucheka hivyo.

Kisha akawasimulia vijana kwamba rafiki yake Hoshimjon anaijua Asia yote. Mito yake, wafalme wake, vita vyake. "Yote," akasema, akanitazama kwa upendo kabisa, "kasoro nchi moja ndogo."

Walitaka kujua ni ipi. Akawaambia.

Alhamisi, 16 Juni

Nusu ya pili leo asubuhi, upande wa bustani. Miti kumi na mmoja ya aprikoti, imeiva, matawi yamelegea kwa uzito. Aliipanda na mkewe marehemu. Pale ni tambarare, maji yangeweza kupita mbele au nyuma, kifaa cha Gulbarchin hakina la kusema. Kinasubiri neno langu tu.

Abdimalik alichuma aprikoti moja, akaipasua, akanipa nusu kubwa. Akaniambia kesho kuna karamu nyingine, niwahi nipate nafasi nzuri.

Gulbarchin akauliza, "Babu, mfereji ulipita wapi hapa?"

Nilisimama sana. Walidhani nakumbuka. Abdimalik akaninong'oneza nisijichoshe, yeye ananiamini, popote nitakaposema.

Nikainua fimbo. Vigingi vikapigiliwa. Karatasi ikaletwa, nikatia sahihi kwa ajili ya nchi mbili. Waya utavutwa mwezi ujao, kati ya nyumba na miti. Abdimalik aliitazama miti, akasema basi, shahidi amesema, nyumba inatosha. Akanishika tena kiwiko tukarudi.

Nimelitia daftari tanurini. Zumrad hakuuliza.

Mfereji ulipita nyuma ya miti. Nilionyesha mbele.