Mlango wa Duka Namba Saba

Jumatatu, tarehe 26

Jirani wa kurasa, vuta kiti. Vita vimeanza!

Asubuhi nanyoa mteja, Mzee Kufuli huyo mlangoni. Mwenye nyumba wetu. Kasema kodi inapanda nusu nzima, na kama hatuwezi, mkwewe yuko tayari kuhamia hapa na biashara yake ya simu. Dada kamjibu kwa adabu kwamba mkataba upo. Mzee kasema basi notisi inakuja. Kesho!

Dada ndiye mwenye duka, tuseme kweli. Yeye anasuka upande wa dirisha, mimi nanyoa upande wa mlango. Miaka sita kasuka vichwa vya watu mpaka vidole vikapinda, ndipo tukapata viti viwili na kioo. Tukitolewa hapa, hatuna pa kwenda.

Nimefukua mkataba. Tarehe 30, saa kumi jioni, ikipita bila notisi, unajirudia mwaka mzima kwa kodi ileile. Safi! Ukurasa wa pili, mstari wa mwisho: notisi ibandikwe kwenye mlango wa duka, au... Karatasi ikaishia hapo. Ukurasa wa tatu nilishaufutia wembe siku nyingi. Si kitu. Nimeelewa.

Ibandikwe kwenye mlango. Sasa mlango usipokuwepo?

Wakili wa nini? Kichwa ninacho!

Jumanne, tarehe 27

Bisibisi, nyundo, bawaba tatu. Mlango chini! Nimeuburuta mpaka kwa seremala, maduka mawili mbele, nikauegemeza kwenye vitanda vyake. Kauliza kama nauuza. Nikamwambia unapumzika tu.

Saa nne Mzee Kufuli katokea na kopo la gundi na brashi. Mtaa mzima unajua kawaida yake: hazungumzi na mpangaji, anabandika. Miaka ishirini anabandika, kisha anapigwa picha kasimama kando ya karatasi kama bwana harusi. Leo kasimama mbele ya uwazi, gundi inamdondokea kiatuni. Kauliza mlango uko wapi. Nikamuuliza, "Mlango upi tena, mzee wangu?"

Kaondoka! Dada kasema nimerukwa na akili. Watu wakubwa hawatambuliwi na ndugu zao.

Jumatano, tarehe 28

Duka lisilo na mlango lina matatizo madogo. Upepo umezoa nywele za jana zote ukammwagia muuza maziwa. Kuku watatu wameingia, mmoja kapanda kiti cha wateja, nusura nimfunge shuka. Mvua ikapiga upande, mashine ya Dada ya kukaushia nywele ikatoa moshi. Dada hakupiga kelele, na hapo ndipo nilipoingiwa baridi. Kaniuliza polepole, "Mdogo wangu, ukishamshinda Mzee, tutakuwa tumebaki na duka gani?"

Ilinichoma. Kidogo.

Mchana, usiponiamini sikulaumu, Mzee Kufuli kaja kunyolewa ndevu! Kasema vita ni vita, ndevu ni ndevu. Notisi inachungulia kwenye mfuko wa shati. Nusu saa nzima kidevu chake mikononi mwangu, karatasi chini ya pua yangu, na hana pa kuibandika! Nilicheka mpaka wembe ukatetemeka. Mzee akaacha kupumua.

Alhamisi, tarehe 29

Balaa! Mzee kauona mlango wetu kwa seremala. Kijani, namba saba kubwa, nani asiutambue? Kabandika notisi palepale, gundi kopo zima, kapigwa picha, kaondoka anapiga mluzi.

Seremala karudi kutoka kula, akasoma "Ondoka dukani ndani ya siku thelathini." Naye ni mpangaji wa Mzee yuleyule, na kodi ya mwaka kashalipa! Kamkimbiza Mzee na randa mkononi mpaka kona. Kisha kanigeukia mimi: "Mlango wako umenifukuza kazi, we kinyozi!"

Mzee katushtaki baraza la nyumba. Kesho saa nane.

Ijumaa, tarehe 30

USHINDI!

Mwenyekiti wa baraza, mama wa miwani mizito, kaitazama picha ya Mzee. Kauliza nyuma ya mlango kuna nini. Mzee kasema vitanda. Mama kauliza kinyozi ameanza lini kuuza vitanda. Seremala karuka kutoka benchi la nyuma: "Vyangu hivyo, mama!" Mwenyekiti kaamua: mlango uliong'olewa ni mbao tu, na notisi iliyobandikwa kwa seremala haijamfikia kinyozi.

Nikanyanyua mikono juu. Kumbe hajamaliza. Nakala ya Mzee ina ukurasa wa tatu. Kausoma kwa sauti: "au akabidhiwe mpangaji mkononi."

Mzee kanitazama. Nikamtazama. Kidevu chake bado kinang'aa kwa kazi yangu ya juzi.

Saa tisa na nusu! Muda bado upo! Mzee kajipapasa mifuko yote. Notisi? Iko mlangoni. Alikuwa nayo moja tu! Akatoka mbio kwa seremala! Dada kanishika bega, mkono wake wa baridi.

Gundi ya Mzee haibanduki, ndiyo sifa yake. Basi yeye na mkwewe wakaja wamebeba mlango mzima barabarani, watu wanashangilia. Wakaingia barazani wanahema, Mzee ananisukumia mlango kifuani: "Pokea, mwanangu, pokea!" Mwenyekiti kaitazama saa ya ukutani. Saa kumi na dakika saba. Kawaambia kwa vile wameshaubeba, waupeleke dukani kwa kinyozi.

Wakaupeleka! Mzee mbele, mkwe nyuma, mimi nawaelekeza kona!

Jumamosi, tarehe 31

Mwaka mzima, kodi ileile! Dada kacheka leo, mara ya kwanza wiki hii. Halafu kaniambia mashine mpya ya kukaushia nywele nanunua mimi. Kanipa nakala nzima ya mkataba, kasema niisome mpaka mwisho.

Nimesoma mpaka "mkononi." Panatosha!

Mpango wa mwakani nimeshaupata: mikono yangu haitakuwa tupu hata dakika moja. Kulia wembe, kushoto kitana. Atanikabidhi wapi? Mazoezi nimeanza. Chai leo kaninywesha seremala.

Sasa hivi Dada anauliza ukurasa wa nne uko wapi. Nimeutazama wembe wangu. Safi ajabu, unameremeta.

Jirani wa kurasa, ungekuwa wewe, ungemwambia?