Nguruwe wa Meza ya Jumapili

Jumatatu, 2 Juni

Shajara, niwie radhi. Tangu Pasaka sikukuandikia. Nilikuwa nikinenepesha nguruwe. Jumapili ni karamu kuu ya kanisa, na kwa mara ya kwanza meza yangu imepangwa karibu na ya mchungaji. Meza isiyo na nguruwe mzima ni aibu ya ukoo. Leo dada yangu mkubwa, Siutiti, alipita. Akasimama bandani kitambo. Akasema mnyama ana afya. Kwa nini aikague afya ya nguruwe asiyekuwa wake? Nimemhamishia bafuni.

Jumanne, 3 Juni

Siutiti alikuja kunywa chai. Akasali kwanza, sala ndefu ya kutia shaka. Nguruwe akaitikia kutoka bafuni. Dada akamalizia amina, akafungua mlango, akamtia kamba, akaondoka naye. Mjukuu wake anatimiza mwaka. Mke wangu, Vika, alimshikia lango. Alimshikia lango! Vika naye sasa namwangalia.

Jumatano, 4 Juni

Kituo cha polisi. Konstebo Sosaia, niliyemfundisha kusoma, aliandika vizuri mpaka nilipomtaja mwizi. Akaweka kalamu chini.

"Mwalimu, huyo ni dada yako. Kwa desturi ni fahu wako, yeye na wanawe. Akitaka chako anachukua, haombi."

Nikamwambia sheria ni sheria. Akanyoosha mguu kutoka chini ya meza: ndara za kike, rangi ya waridi.

"Viatu vyangu vya kazi shangazi alivipenda jana. Ningekuwa na uwezo wa kumkamata fahu, mzee wangu, ningevaa hizi?"

Nashuku shangazi huyo anafahamiana na Siutiti.

Alhamisi, 5 Juni

Mahakamani. Hakimu alinisikiliza kwa subira iliyonitia wasiwasi. Alisema kesi anaweza kuipokea, na huenda nguruwe nikampata. Kisha akauliza, siku nitakapolala jenezani, nani ataketi kichwani pangu? Mahali hapo ni pa dada na wanawe, na mahakama haiwezi kumwamuru mtu alie.

"Yamalizeni nyumbani, mzee."

Huyu naye ana dada. Nimeulizia.

Ijumaa, 6 Juni

Wazo! Mimi nami ni fahu. Mama yangu alikuwa dada wa babake binamu yangu Paula. Basi vya Paula ni vyangu. Bandani kwake mna dume nono. Nimelichukua mchana kweupe, kwa heshima zote, bila kubisha hodi. Paula alivaa viatu, akatoka. Safari yake siipendi.

Jumapili, 8 Juni

Meza ilisifiwa. Nilikuwa nakata paja Sosaia alipofika na ndara zake. Paula ameripoti wizi. Amenipeleka polisi mimi, fahu wake, kwa jambo la ndani ya ukoo! Sosaia alisema amekuja kunieleza tu kwamba hana uwezo wa kunikamata, akavuta kiti. Siutiti alicheka mpaka akashika mbavu.

"Mdogo wangu, mkatie nyama huyo, mambo yaishe."

Nikamkatia. Lakini utovu wa adabu kama huu hauachwi hivi hivi. Kesho asubuhi namshtaki Paula mahakamani. Nitaandika hakimu akishaamua.