Liwali wa Mirihi

Jumanne, 5 Novemba 1957

Warusi wamempeleka mbwa juu! Iko gazetini, ukurasa wa kwanza. Mbwa anaizunguka dunia, na mie Kondo, mtu mzima mwenye akili zangu, naizunguka Temeke na mnyororo wa kupimia viwanja. Nashika mwisho wa nyuma. Wa mbele anashika Gaspar, Mnyamwezi wa Tabora, eti kwa sababu ana hatua ndefu. Mwaka wa nne huu! Natazama mgongo wake tangu asubuhi mpaka saa kumi.

Nimefikiri. Leo mbwa, mwakani mtu, mwaka wa tatu viwanja. Nani atapima viwanja vya sayari ya Mirihi? Mtu mwenye ujuzi. Anayepima ndiye anayejua viwanja vizuri viko wapi. Na anayejua hayo ndiye liwali. Mpango ulikuwa tayari kabla ya chakula cha mchana.

Mwamvita, mke wangu, kauliza tena habari ya paa. Lina tundu juu ya kitanda tangu masika. Nimemwambia kuna mambo makubwa zaidi. Akasema vuli ikimnyeshea kitandani anakwenda kwa mama yake Temeke, na safari hii sitamrudisha kwa maneno matamu. Ananitisha tu. Ila sikupenda alivyosema polepole.

Jumatano, 6 Novemba

Nimefungua daftari la wahamiaji barazani kwangu. Watu kumi na mmoja, na siku ya kwanza! Maswali hayakuisha. Muuza maandazi alitaka kujua kama minazi itaota huko. Itaota. Maji je? Yatachimbwa. Mwalimu Mwishehe, anayefundisha chuo cha Kurani hapa mtaani, akauliza kibla. Ukiwa juu, Makka iko chini. Mtu asali akitazama vidole vya miguu? Nikasema kamati itakaa. Akaongeza kwamba kama mbwa, mnyama najisi, ndiye atatangulia kutua, itabidi mahali pote paoshwe mara saba, mara moja kwa udongo. Sayari nzima! Nimeandika: ndoo nyingi.

Kisha akaja Gaspar, bila kualikwa. Kasikiliza weee, halafu akasema tuache minazi, huko hakuna hewa. Kasoma kwa mapadri, huyu, basi hakosi neno. Watu wakaguna. Wanne wakafuta majina yao.

Damu ikanichemka. Nikatangaza kwamba nitaziba nyumba yangu kila upenyo na nitakaa ndani siku mbili, bila hewa ya nje hata ya kuonja. Nikapanda juu ya kibao nikasema: "Kuanzia Jumamosi mchana, mie si mtu wa dunia hii tena!" Makofi! Gaspar akaniuliza taratibu kama nina hakika na maneno hayo. Nikasema mashahidi hawa hapa. Akanipa mkono kwa heshima zote. Kumbe muungwana.

Alhamisi, 7 Novemba

Nyumba haizibiki ikiwa paa lina tundu. Kwa hiyo leo baada ya kazi nimeezeka. Makuti mapya, na kwa ndani nikakandika udongo. Mwamvita alisimama uani mikono kiunoni, anatazama na kucheka peke yake. Jioni wali wa nazi na changu wa kukaanga. Akaimba akiosha vyombo! Sijamsikia akiimba tangu mwaka jana. Sababu ya kuezeka sikumwambia. Ya nini kuharibu chakula?

Ijumaa, 8 Novemba

Amejua. Kaambiwa bombani, mbele ya wanawake wote wa Kinondoni. Alivyoitua ndoo nilijua. Mengi aliyosema siyaandiki. Kwa kifupi, nikae humo hata mwaka, yeye anakwenda kumsalimu mama yake. Lakini Jumapili akirudi alikute paa kama alivyoliacha. "Paa tu, Kondo. Sikuombi kingine." Macho yake yalikuwa na machozi kidogo, nami nikaona aibu.

Nimeahidi. Sijawahi kutoa ahadi rahisi kama hii. Paa litakwenda wapi?

Jumamosi, 9 Novemba

Saa tisa. Nimo! Mlango na dirisha nimeviziba kwa tope. Bado bichi, ndani mvuke mtupu. Nina muhogo, tende na mtungi wa maji. Naandika kwa koroboi. Najisikia liwali.

Saa kumi na moja. Nimesahau choo. Kiko uani. Nimeandika jambo hili kwa ajili ya kamati. Mtungi wa maji sasa una kazi nyingine.

Saa moja usiku. Koroboi inafuka moshi kuliko inavyowaka. Nimekohoa mara arobaini. Mirihi haitakuwa na koroboi.

Jumapili, 10 Novemba

Nimeamshwa na kilio barazani. Kilio kikubwa cha mwanamume. Gaspar! Anawaambia majirani kwamba Kondo ametutoka. Marehemu mwenyewe aliiaga dunia mbele ya mashahidi, na Mzaramo akifa, mtani wake Mnyamwezi ana haki zake.

Na kweli anazo! Mtani msibani huchukua akitakacho, humwigiza marehemu, na hakuna ruhusa ya kukasirika. Nayajua haya tangu utoto. Nami nimepanda juu ya kibao, mbele ya Mnyamwezi, nikajitangazia msiba kwa mdomo wangu.

Tope la mlangoni limekauka na kupasuka, na kupitia ufa mdogo namwona. Kavaa kanzu yangu ya Idi, iliyokuwa imeanikwa uani. Kachukua mwavuli wangu. Anashika mwisho wa kamba na kupita barazani akinung'unika kwa sauti yangu, "Kwa nini mie nyuma kila siku?" Watu hoi kwa kicheko. Mwalimu Mwishehe naye yumo. Kicheko chake nakijua, huishia kwenye kikohozi.

Nimegonga mlango. Gaspar kasema mwenye kaburi atulie, akaegemeza mgongo wake mlangoni. Mgongo ule ule!

Saa sita. Nasikia harufu ya nyama. Ni jogoo wangu.

Natoka.

Jumatatu, 11 Novemba

Jana nilitokea paani. Njia nyingine haikuwepo. Nilipanda juu ya kitanda, nikausukuma udongo na makuti kwa kichwa, nikachomoza mpaka kiunoni, mweusi kwa masizi, nikamtukana Gaspar mpaka pumzi zikaniishia. Watoto walikimbia. Yeye akanyoosha mwavuli wangu akasema, "Tazameni, marehemu ndio anaelekea Mirihi!"

Hapo ndipo nikamwona Mwamvita njiani, na kapu la chakula kichwani. Alinitazama mie kwanza. Halafu akalitazama paa. Heri angenitukana. Akamkabidhi Mwalimu kapu, akageuka na kurudi alikotoka. Nilimwita. Kutoka juu ya paa sauti inafika mbali sana, lakini hakugeuka. Mvua ikaanza kabla hajafika barabarani.

Kitanda kimelowa upande wake. Nililala upande wangu. Kapuni mlikuwa na mikate ya kumimina, ninayoipenda.

Alhamisi, 14 Novemba

Gaspar kaja na makuti hamsini begani na kanzu yangu imefuliwa. Anasema msiba umekwisha. Leo tuezeke, kesho nimfuate mke wangu. Hana kinyongo hata chembe, na hilo linaudhi kuliko yote.

Mwalimu Mwishehe naye kaleta ujumbe kutoka Temeke. Mwamvita hataki wazee wa kusuluhisha, hataki zawadi. Siku nitakayoziba paa na kuacha habari za Mirihi, atarudi siku hiyo hiyo. Mambo mawili tu! Nilishusha pumzi. Nimemwambia Gaspar aje kesho jioni.

Ijumaa, 15 Novemba

Mungu ni mkubwa! Baada ya magharibi nilijilaza kitandani kumngoja Gaspar, nikatazama juu. Katikati ya tundu, nyota moja kubwa, nyeupe, imetulia. Zuhura! Iko karibu kuliko Mirihi. Inang'aa, kwa hiyo mafuta ya taa hayatahitajika. Na tundu limeelekea pale pale! Kinondoni nzima hakuna mwenye mahali pa kutazamia kama hapa. Kuliziba ungekuwa wazimu.

Gaspar alipofika tuliezeka banda la uani kwa makuti yake, wahamiaji wasilowe wakijiandikisha. Alifanya kazi huku ananitazama tu. Jumapili nitapanda juu ya kibao na kuiaga dunia upya, safari hii rasmi. Nimemwomba yeye awe shahidi. Kakubali mara moja.

Kisha nimemwandikia Mwamvita barua. Nimesema wazi kwamba nyumba haina raha bila yeye. Nimemwambia pia kwamba Mirihi nimeiacha kabisa, sitaitaja tena maishani. Atafurahi! Nimemtengea kiwanja cha kona, Zuhura.