Malalamiko Kuhusu Kaseti ya Gemu Elfu Moja

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kidogo gazetini mwako, kwani nikimweleza mke wangu jambo hili tena atahama chumba.

Mimi ni mtunza bohari ya dawa. Kwangu, boksi likiandikwa mia, ndani mna mia. Baba mkwe alihamia kwetu baada ya kufiwa na mkewe, akawa anashinda sebuleni akitazama luninga iliyozimwa. Nikamtafutia mashine ya gemu ya kizamani, na fundi redio wa mtaani kwetu akaniuzia kaseti iliyoandikwa "Gemu 1000 Ndani ya Moja". Nalalamika hivi:

1. Gemu si elfu, ni saba. Nimezihakiki kwa likizo yangu ya mwaka. Ukitafsiri majina, kuna "Pikipiki", "Pikipiki Kali", "Mfalme wa Pikipiki" na "Samaki wa Ajabu", ambayo haina samaki. Ni pikipiki ileile, dereva kabadilishiwa shati.

2. Nilipomkabili fundi, alinijibu, "Bosi, hata watu ni walewale, majina tu ndiyo tofauti." Mtu wa aina hii anaruhusiwa kushika bisibisi.

3. Kaseti haiwaki mpaka ipulizwe. Amepuliza mke wangu, amepuliza shemeji, amepuliza hata mgeni aliyekuja kutupa pole. Nami mtu wa dawa nasimama hapo nikitazama mate.

4. Baba mkwe, aliyekuwa na akili zake timamu, hakubali kwamba tumeibiwa. Nilimfanyia hesabu kwenye karatasi. Akasema bila kuondoa macho kwenye kioo, "Mwanangu, dereva wa jana alivaa shati jekundu."

Kwa hiyo naiomba Serikali ilifunge banda la fundi huyo, kaseti zote nchini zihakikiwe na watunza bohari, na neno "elfu" lisiandikwe popote bila kibali.

Nisalimie wote hapo ofisini, isipokuwa mwenye undugu na fundi redio yeyote.

Wako katika hesabu sahihi,
Mtunza Bohari

Tanbihi: Tafadhali usiichapishe barua hii. Fundi amekuja sasa hivi kuichukua kaseti yake, kaona aibu. Baba mkwe akasimama mlangoni. "Mnaipeleka wapi? Nikiikosa hiyo, nitashinda na nani humu?" Hajapata kusema maneno mengi hivyo tangu mazishi. Mke wangu akageukia ukutani, akajifuta macho. Nimemfukuza fundi. Mzee kaniuliza kama gemu zilizobaki zitamtosha, nikamwambia ziko mamia, na hakuna hata mbili zinazofanana.