Fedha Imepanda

Jumatatu, tarehe 6 Machi
Mama anakuja Jumamosi. Ameomba avae bangili ya dhahabu ya marehemu bibi, mama yake. Niliachiwa mimi kwa sababu, alisema bibi, mimi ni mwoga, na mwoga hapotezi kitu. Nimeitoa kwenye soksi. Ilikuwa ikigonga beseni bibi alipofua mashati yangu ya shule. Nikiwa chumba cha pili nilijua yupo.

Jumanne, tarehe 7
Nafanya kazi dirisha la pili, duka la kubadilisha fedha za kigeni. Redio imesema fedha imepanda. Chuoni tulifundishwa: sarafu ikipata nguvu, dhahabu hushuka. Mpango: niuze bangili leo, niinunue Ijumaa kwa bei ya chini, faida nimnunulie mama viatu. Nilikwenda kwa sonara, nikaiuza. Nikamsihi asiiyeyushe hadi Ijumaa. Akasema hapa si hoteli ya bangili, ila kwa heshima ya bibi yangu ataipa chumba.

Jumatano, tarehe 8
Dhahabu imepanda. Nimetazama ubao wa bei mara tatu. Kaka wa dirisha la kwanza amecheka hadi wateja wakageuka. Kumbe iliyopanda ni fedha ya pete, si fedha ya pochi. Benki kuu za nje zimechoka kulimbikiza dola, zinanunua dhahabu, na fedha yale madini imeifuata nyuma. Ameniuliza, mdogo wangu, huko chuoni ulisomea ushairi? Nimesema uchumi. Akacheka upya.

Alhamisi, tarehe 9
Imepanda tena. Sikula. Kila nikinawa nasikia harufu ya sabuni ya bibi.

Ijumaa, tarehe 10
Nimerudi kwa sonara na pesa yote. Haikutosha, na yeye hakopeshi. Akapima, akakata kipande cha upana wa kidole, akaunga ncha. Kwa pesa hiyo, amesema, bibi yako anarudi hivi.

Jumamosi, tarehe 11
Bangili imegoma kwenye kiganja cha mama. Amejaribu na sabuni. Akasema, mwanangu, kumbe mama yangu alikuwa mwembamba hivi, na sisi tulimwona mkubwa. Akanirudishia niendelee kuitunza, maana mwenye akili ya pesa nyumbani kwetu ni mimi. Nilitaka kusema. Nikachemsha chai.

Jumapili, tarehe 12
Nimeigonga kwenye beseni. Sauti si ile. Bila shaka imebaki kwenye kipande cha sonara. Redio inasema dola imeimarika. Nimesikiliza mara mbili. Ni dola kweli. Basi safari hii dhahabu itashuka. Kesho nauza bangili iliyobaki, bei ikianguka nikomboe vyote viwili, bangili na kile kipande.