Ombi la Kuondolewa kwa Sura ya Nne, Pamoja na Suala la Chai Yangu

Ndugu Mhariri wa Vitabu vya Sayansi kwa Njia ya Kompyuta,

Salamu nyingi, na pole na kazi. Wewe hunijui, ila mimi nakujua, maana anwani ya ofisi yako imechapwa nyuma ya kitabu ambacho kimeniharibia darasa, shule na sasa nyumba. Mimi ni mwalimu wa fizikia na mkuu wa idara ya sayansi. Ni mtu mpole, sipendi makuu, na ningekaa kimya kama mambo yangeishia darasani. Hayakuishia huko. Ijumaa ijayo bodi ya shule inakaa kuamua kama ufunguo wa maabara uendelee kukaa mfukoni mwangu au la, na chanzo cha yote ni sura yako ya nne. Tafadhali isome barua hii ukiwa umeketi.

Naomba niyapange malalamiko yangu kwa namba, kama kitabu chenu kinavyofundisha kupanga matokeo. Hapo sina ugomvi nacho.

1. Mlinidanganya kwa jalada. Jalada linaonyesha mwanafunzi ameketi mbele ya kompyuta, anatabasamu, hagusi kitu chochote cha kioo. Nilipoliona moyo wangu ulitulia. Nikasema hatimaye wamepatikana watu wenye akili, wameleta sayansi isiyovunja vyombo. Maabara yetu, Ndugu Mhariri, ni ya mfano. Bika zote ni nzima. Neli za majaribio bado zimo ndani ya karatasi zilizokuja nazo kutoka kiwandani. Wageni wakija huwapitisha dirishani wakazitazama, na hakuna aliyewahi kuondoka bila kusifu usafi wake, ambao siri yake ni kwamba haingii mtu. Kwa hiyo ni mimi mwenyewe niliyembembeleza mwalimu mkuu anunue vitabu vyenu vya kutosha darasa zima, na ni mimi niliyesimama kwenye mkutano wa wazazi nikavisifu hadi koo likanikauka. Niliwaahidi kwamba tangu sasa majaribio yote yatafanyika ndani ya kompyuta. Walinipigia makofi, na mzazi mmoja akaniletea soda.

2. Sura ya kwanza hadi ya tatu sina neno nazo. Watoto walibonyeza, pendulamu ikabembea kwenye skrini, taa zikawaka kwenye skrini, wala hakuna kilichomwagika. Ndipo tukafika sura ya nne, ile ya kupoa kwa maji ya moto. Kompyuta ikachora mstari wake, unashuka kwa kasi mwanzoni kisha unalegea taratibu, mstari mzuri kabisa. Nikawaambia wafunge vitabu. Kumbe chini ya ukurasa mmeandika kwa herufi za mlalo: "Sasa fanya jaribio hili wewe mwenyewe, kisha linganisha." Nani aliwatuma? Ikiwa kompyuta imeshalifanya, kulirudia ni kuitilia shaka. Na mtoto anayeitilia shaka kompyuta leo, kesho atamtilia shaka nani? Jibu utalipata ukiendelea kusoma.

3. Darasa zima lilinigeukia likatazama mfuko wa shati langu, ambamo ufunguo hukaa. Najua wananiita Bwana Funguo. Siku zote nimelichukua jina hilo kama sifa. Nikawajibu kama nilivyojibiwa mimi nilipokuwa na umri wao: andikeni kile ambacho kingeonekana. Ni njia niliyoirithi, haina vurugu, na majibu ya wanafunzi wote hutoka sawasawa, jambo linalorahisisha sana kusahihisha. Basi binti mmoja akanyoosha mkono, akauliza kwa adabu iliyoniudhi kuliko utovu wa adabu: tutalinganisha nini na nini, mwalimu, kama vyote viwili tumevitoa kitabuni? Nikageuka nikaanza kufuta ubao. Bahati nzuri kengele ililia.

4. Binti huyo ni wangu. Wa kumzaa. Nyumbani tunamwita Kwanini, jina alilojipatia kabla hajamaliza kuota meno. Jioni ile sikumgombeza. Nilimweleza tu, kwa upole wa mzazi, kwamba shuleni mimi si baba yake na nyumbani mimi si mwalimu wake. Nilidhani nimesema jambo la busara. Yeye alielewa kwamba, kama nyumbani sina cheo cha mwalimu, basi nyumbani hakuna wa kumkataza kufanya majaribio.

5. Sasa tuingie kwenye chai. Tangu nioe naletewa chai ya jioni ikiwa imepoa, na tangu nioe nalalamika. Ni lalamiko la kawaida la ndoa, halimdhuru mtu. Mama watoto husema aliileta ikifuka moshi, mimi husema hapana, na mimi ndiye hushinda kwa sababu mimi ndiye mwalimu wa fizikia. Basi Kwanini alikwenda kwa shangazi yake anayeoka keki, akaazima kipimajoto cha jikoni. Kila mama yake aliponimiminia chai, yeye alimimina kikombe kingine cha namna ileile, akakiweka kwenye stuli nyuma ya kiti changu, akawa anaandika joto lake. Pembeni ya kila kipimo akaandika nilichokuwa nikifanya wakati huo. Kisha akaingiza yote kwenye kompyuta kama sura ya nne inavyoelekeza. Nakupa matokeo kama yalivyo, ingawa yananichoma. Chai ilifika mezani ikiwa ya moto sana. Ilishuka kwa kasi nilipokuwa nikieleza makosa ya mtangazaji wa habari. Ilikuwa vuguvugu nilipofika kwenye makosa ya jirani. Ilipopoa kabisa, pembeni pameandikwa: "Baba analalamika chai imepoa." Na mstari wote, Ndugu Mhariri, ulilalia juu ya mstari wa kitabu chenu kana kwamba mlikuwa mmekaa nasi sebuleni.

6. Grafu hiyo sasa imebandikwa kwenye mlango wa jikoni. Mama watoto ni fundi cherehani, na kila mteja anayekuja kupimwa huonyeshwa mlango huo kwanza. Mwanamke ambaye hajawahi kunisikiliza nikieleza joto hata kwa dakika moja, leo anawaelekeza watu mhimili wa wima na mhimili wa mlalo huku utepe wa kupimia ukining'inia shingoni. Mama mkwe ameomba nakala yake.

7. Mwalimu mkuu naye ni mteja. Alikuja kupimwa gauni, akasimama mbele ya mlango wa jikoni akausoma hadi mwisho, wala hakucheka, jambo lililonitia hofu zaidi. Akauliza kwa nini kazi nzuri namna hii ifanyikie kwenye stuli wakati shule ina maabara. Nikaanza kumweleza habari za bika. Akaniambia, "Mwalimu, bika tulinunua zitumike, hatukununua za kutazama." Wiki hiyohiyo suala la ufunguo likaingia kwenye ajenda ya bodi. Hapa nasema wazi kwamba niliumia. Ufunguo ule nilikabidhiwa nikiwa mwalimu mgeni, na ndicho kitu pekee pale shuleni ambacho ni mimi tu ninacho. Wakiuchukua nitabaki mtu na chaki yake, kama wengine.

Kwa sababu hizo naomba mambo manne, na yote yako ndani ya uwezo wako. Sura ya nne iondolewe kwenye vitabu vyote, hata vilivyokwisha kununuliwa. Hilo likishindikana, maneno "Sasa fanya jaribio hili wewe mwenyewe" yafutwe na mahali pake paandikwe "Sasa amini." Pia uiandikie bodi kabla ya Ijumaa, kwa nembo ya ofisi, kwamba kitabu chenu ni cha kusoma tu na hakikukusudia mtu yeyote achemshe kitu chochote. Mwisho, utoe tamko la kitaalamu kwamba kanuni za kupoa zinahusu maji, ilhali chai yangu ina maziwa, kwa hiyo haihusiki.

Nisalimie wote ofisini: wachapaji, wasahihishaji, aliyeandika maneno yale ya herufi za mlalo, ambaye ningependa kumjua, na mchoraji wa jalada, mwambie yeye sina kinyongo naye. Hapa nyumbani wote wazima na wanakusalimu, baadhi yao kwa furaha isiyo ya kawaida.

Ni mimi, mlinzi wa vyombo vya sayansi,
Mkuu wa Idara

N.B. Kabla ya kufunga bahasha niliona ombi langu lingepata nguvu kama ningeambatisha ushahidi kwamba sura ya nne ni ya uongo. Kwa hiyo leo Jumamosi, shule ikiwa tupu, nimefungua maabara, nikachemsha maji, nikapima kwa mkono wangu. Mstari wangu ulishuka haraka kuliko wa kitabu. Nusura nicheze. Nikampigia simu Kwanini aje ashuhudie aibu ya kitabu chake, akaja na mama yake. Kwanini alikwenda akafunga dirisha, ambalo nilikuwa nimeweka bika kando yake huku upepo ukiingia. Tukarudia tukiwa watatu; mama watoto anasoma joto, Kwanini anatazama saa, mimi naandika. Nukta moja ikakaa kwenye mstari, ikafuata ya pili, ikafuata nyingine. Ndugu Mhariri, maisha yangu yote ya kazi nimefundisha kupoa kwa maji, na leo ndiyo mara yangu ya kwanza kuyaona yakipoa. Nilipiga kelele hadi mlinzi wa geti akaja mbio. Bika moja imevunjika, nimeivunja mimi, nilikuwa nikiruka.

Kwa hiyo usiiandikie bodi. Ijumaa nitakwenda mwenyewe, na ufunguo nimeuacha kwenye kitasa cha mlango. Ila tafadhali tutumie kitabu cha pili haraka, maana hamkueleza vya kutosha kwa nini maji hukimbilia kupoa yakiwa ya moto zaidi, na mimi siwezi kulala bila kujua. Grafu ya jikoni bado ipo. Chini yake nimechora mstari wangu wa dirisha wazi, kwa kalamu nyekundu, na nikajisahihisha: sita kwa kumi. Mama watoto anasema nimejipendelea.