Friji Niliyoachiwa na Meneja

Jumatatu, 7 Oktoba

Leo nimesimamishwa uani kama mwizi wa kuku. Luku, hii mita ya umeme wa kulipia kabla, imekata tena! Nyumba hii hapa Kilindoni ni ya Bimkubwa, tumepanga wawili: mimi na mke wangu Mama Blessing upande wa barabara, Mwalimu Wilbrod mstaafu upande wa choo. Luku moja. Kila Jumatatu tunachanga, nusu kwa nusu. Bimkubwa kasema yuniti thelathini za leo zifike Jumapili. Zisipofika, friji yangu ichomolewe, isichomekwe tena mpaka Kiyama.

Friji yangu! Naiita Meneja, maana niliachiwa na meneja Mzungu wa shamba la minazi, mie mpishi wake. Alinikabidhi kwa mikono miwili, machozi yanamtoka. Mama Blessing husema niliiokota stoo, meneja keshapanda ndege. Mama Blessing hakuwepo. Friji ikinguruma, mpaka kijiji cha Baleni wanasikia.

Sasa, Mama Blessing anagandisha barafu za ukwaju humo. Hussainali, yule wa duka la vyombo, kaagiza themanini za shughuli ya mjukuu wake, Jumamosi. Zikipendeza atazichukua kila siku auze dukani. Mama kapiga magoti akashukuru, kisha kanigeukia akaniambia nisiguse kitu chochote wiki hii. Namshukuru kwa kuniamini.

Jumanne, 8 Oktoba

Mwalimu kanialika kwake nijifunze. Mie! Nilompikia Mzungu! Nikaenda kwa sababu nilisikia harufu ya vitunguu.

Kabadilisha taa zote, kaweka hizi za kisasa zisizokula umeme. Kanunua friza dogo jeupe, halina sauti, nikamuuliza kama limekufa. Ana pia jiko la presha la umeme. Katia maharage makavu, mie nikaanza kisa cha papa niliyemzaba kofi kule Ras Kisimani. Papa hajapepesa macho, maharage yameiva! Kasema hata yuniti moja hayajamaliza. Nikala sahani mbili. Mungu ambariki.

Sisi Wapare na wao Wachaga ni watani, basi hakuniacha. Kasema Mpare umeme wa kuchangia anautumia kama kaurithi. Nikamwambia Mchaga hata jua analipimia yuniti. Tukacheka. Akanipa taa mbili za bure! Moja nimefunga chumbani. Ya pili nimeiacha kwenye boksi, maana taa isiyowashwa inakula kidogo kuliko zote. Hilo Mwalimu hakulijua.

Yuniti: ishirini na nne.

Jumatano, 9 Oktoba

Leo nimetumia akili yangu. Watu wa samaki pale gatini barafu yao wanaifanyaje isiyeyuke? Maranda ya mbao na gunia. Wanafukia, wanafunika, barafu inakaa siku mbili haina hata umeme. Sasa Meneja kasimama uchi miaka yote, baridi linavuja tu!

Nikamvika blanketi mbili. Juu gunia. Nyuma, kwenye vile vyuma vyeusi, nikasindilia maranda ndani ya mifuko. Kapendeza, kama bibi harusi wa kisiwani Juani.

Mwalimu kapita dirishani kashika kichwa. Kasema friji inatoa joto kwa nyuma, inataka kupumua. Nimecheka mpaka nikakaa chini. Friji itoe joto? Basi na jiko lake litoe barafu! Watu wamesoma mpaka wamepitiliza.

Ila Meneja leo hajanyamaza hata dakika. Nadhani anafurahi.

Yuniti: kumi na saba. Ajabu.

Alhamisi, 10 Oktoba

Asubuhi nimemgundua mchawi wa yuniti. Ni Mama Blessing! Anafungua mlango wa Meneja kila mara, mara ukwaju, mara maji. Nikaufunga kwa kamba ya nailoni, fundo la nahodha, halifunguki. Kweli halikufunguka. Mama kaja na kisu. Kakata kamba, kanitazama, kaangalia kisu, kanitazama. Nashukuru kaenda sokoni.

Mchana joto. Feni inazunguka, inakula. Nikajiambia, Elineema, feni ya nini na baridi limejaa humu ndani? Nikazima feni. Nikafungua Meneja wazi, nikaweka kiti mbele, miguu nikaiingiza kwenye droo za mboga. Raha! Mashine moja kazi mbili! Nikamwita Mwalimu aje ajifunze na yeye.

Kafika mlangoni, Meneja kakohoa. Kakohoa tena. Moshi. Kimya.

Barafu zote zimekuwa sharubati. Yuniti tano. Mama karudi, kakuta maji yamefika barazani na mimi nimekaa na miguu yangu mifupa mitupu. Kauliza kesho kutwa atampelekea Hussainali nini. Nikashika tambara nikaanza kukausha maji. Mie! Nikaangalia chini. Kalia kidogo, kajifuta kwa khanga. Afadhali angekuja na kisu.

Ijumaa, 11 Oktoba

Mwalimu Wilbrod ni mtu. Nasema hapa, kwake sisemi.

Alfajiri kabisa kagonga. Friza lake kalitoa kila kitu, samaki nguru mzima, na changu, na nyama yake ya mwezi. Kasema Mama Blessing amimine ukwaju, ajaze, yeye atakula atakachokula. Mama kafunga themanini kwa mkono. Samaki wakachomwa uani, Bimkubwa kaleta wali, tukala wote. Mie nimepewa kichwa cha nguru. Nimeshukuru mpaka mifupa.

Jioni barafu ngumu kama mawe ya magofu ya Kua. Na friza halikupiga hata kelele! Nikaenda kusoma luku mara tatu. Zimebaki nne na nusu, imekula nusu tu.

Jumamosi, 12 Oktoba

Barafu zimefika! Mke wa Hussainali, Bi Banu, kala tatu kwa kujificha. Hussainali kasema anataka kila siku. Kasikia habari za Meneja, katoa dukani friza dogo kama la Mwalimu, kasema Mama akae nalo, kazi ni barafu tu. Mama kanishika mkono njia nzima kurudi. Kaniambia nimshukuru Mungu sina mke mwingine. Nimeshukuru.

Jumapili, 13 Oktoba

Yuniti mbili zimebaki! Bimkubwa kasoma mwenyewe kwa miwani. Nikasimama uani, nikawashukuru wote, nikawaeleza kwamba ilikuwa mbinu yangu toka mwanzo, Meneja afe ili nyumba ipone. Mwalimu kasonya. Mama kacheka mpaka khanga ikadondoka. Siku nyingi hajacheka hivyo.

Jumanne, 15 Oktoba

Fadhila hailipwi kwa maneno. Mwalimu kavuka kwenda Juani, anarudi kesho. Mama yuko dukani na barafu zake. Nafasi!

Fundi Mudrik kamgusa Meneja nusu saa tu, Meneja kanguruma! Vijana wanne wakambeba, tukamuingiza sebuleni kwa Mwalimu, ufunguo kaniachia mimi. Nimemchomeka awe na baridi tayari. Nimemvika blanketi zote mbili, maana humo ndani kuna joto. Mwalimu atalia machozi, kama yule meneja.

Jioni hii luku imeanza kulia tii, tii. Na jana tu tumeijaza yuniti kumi za wiki nzima! Nimekaa nimefikiri sana.

Ni lile jiko lake la maharage.